Ramani ya Kijito cha Lugulwa

Kila asubuhi Swaumu alikwenda kuchota maji kabla jua halijawa kali. Alimfunga mgongoni binti yake mdogo, Mwanajuma, akashika ndoo. Alipita shamba la karanga la kijiji, akapita ghala, kisha akateremka hadi kijito cha Lugulwa. Wanawake walikutana pale. Waliamkiana, walicheka, walitwishana ndoo.

Swaumu alizaliwa Tabora mjini, katika mtaa wa mafundi. Aliolewa na Shilinde, mkulima wa upande wa Puge. Mwaka 1974 walihamia na wenzao katika kijiji kipya cha Ujamaa. Walijenga nyumba ya matofali mabichi. Mama yake Shilinde, Mwanamkuu, alikaa nao. Wote walimwita Mayu, yaani mama. Waliishi vizuri na chakula hakikuwapungukia.

Mwaka uliofuata, wakati wa kiangazi, maji ya Lugulwa yalibadilika. Yalikuwa mekundu na mazito, kama ya kukandikia nyumba.

"Yachuje kwa kitambaa," alisema Shilinde.

Swaumu aliyachuja. Aliyaacha mtungini yatulie. Hata hivyo, Mwanajuma alianza kuharisha. Siku ya tatu macho yake yaliingia ndani. Akawa hana hata nguvu ya kulia. Shilinde alimpakia mkewe na mtoto kwenye baiskeli, akawakimbiza zahanati.

Pale zahanati alikuwapo Bibi Afya, jina lake Apolinaria. Yeye pia ndiye aliyefundisha darasa la watu wazima kijijini, na Swaumu alikuwa mwanafunzi wake. Apolinaria alimnywesha mtoto maji ya dawa, kidogo kidogo kwa kijiko. Jioni Mwanajuma alilia kwa sauti. Swaumu hakuwahi kufurahia kilio namna ile.

"Mnakunywa maji gani?" aliuliza Apolinaria.

"Ya kijitoni, Bibi Afya. Tunayachuja kwa kitambaa."

"Kitambaa kinazuia takataka unazoziona. Vijidudu vya kuharisha ni vidogo mno, vinapita. Mpaka maji yachemke na kutokota ndipo vinakufa."

"Nitachemsha. Lakini mwaka jana hatukuugua hivi."

"Basi kuna kitu kimeingia majini. Kijito chenu kinatoka wapi?"

"Kwa juu," alijibu Swaumu.

"Juu wapi?"

Swaumu alifikiri. Akaona haya kidogo. "Sijui. Mimi nachota tu."

"Hata mimi sijui," alisema Apolinaria. "Jumatano hatutakaa darasani. Tutakifuata kijito mpaka mwanzo wake, na tutakichora."

Jumatano watu kumi na wanne walianza safari. Mwanajuma alikuwa amepata nafuu, akabaki na baba yake. Apolinaria alimpa Swaumu karatasi kubwa na penseli. "Kila tunapofika, chora na andika jina la mahali," alimwambia. Mayu naye alikuja na fimbo yake, ingawa hakujua kusoma.

Walipanda taratibu. Baada ya muda mfupi walifika kwenye mawe makubwa.

"Hapa tunapaita Mawe ya Kambi," alisema Mayu. "Babu yangu alikuwa mpagazi, na alinileta hapa nikiwa mtoto. Misafara ilitoka Unyanyembe ikielekea Usukuma. Walibeba vitambaa, shanga na chumvi. Jioni walilala hapa kwa sababu ya maji."

"Watu wote hao na punda wao, na maji hayakuchafuka?" aliuliza Swaumu.

"Yangechafuka, mwanangu. Lakini kiongozi wa msafara aliweka sheria. Punda walinyweshwa chini kabisa. Kufua na kuoga, chini pia. Maji ya kunywa walichota kisimani."

"Kisima gani?"

Mayu alizunguka nyuma ya mawe, upande wa kilima. Akagonga ardhi kwa fimbo. Palikuwa na duara la mawe yaliyopangwa, limejaa mchanga na majani.

Apolinaria aliinama akatazama. "Kiko mbali na kijito, na kiko juu yake," alisema. "Maji yake yanatoka chini ya kilima. Andika, Swaumu."

Swaumu aliandika polepole: KISIMA.

Waliendelea kupanda. Kwenye kona ya kijito walisikia sauti za majembe. Wanaume wanane walikuwa wakichimba dhahabu ukingoni. Wengine walisimama ndani ya kijito na makarai. Waliyatikisa makarai ili mchanga utoke na dhahabu ibaki. Kijito chote chini yao kilikuwa chekundu.

Mmoja wao aliinua kichwa, akatabasamu.

"Dada! Umefikaje huku?"

Alikuwa Twalibu, mdogo wake Swaumu. Alikuwa fundi bati Tabora. Walijua ameacha kazi akaenda kutafuta dhahabu, lakini hawakujua wapi.

Swaumu alimsogelea. "Twalibu, maji unayoyachafua yanakwenda wapi?"

"Yanakwenda chini."

"Chini ndiko kwangu."

Twalibu hakuelewa. Swaumu alimwonyesha karatasi. Alipitisha kidole kutoka kwenye kona ile, kupita kwenye mawe, hadi kijijini. "Hapa tupo sisi. Hapa ni nyumbani kwangu. Mpwa wako alikaribia kufa wiki iliyopita."

Twalibu aliweka karai chini. "Sisi tunaingia huku kwa njia ya upande wa pili wa kilima," alisema kwa sauti ndogo. "Wallahi, dada, sikujua kwamba ni kijito kile kile."

"Mnajisaidia wapi?" aliuliza Apolinaria.

Wachimbaji walitazamana. Mmoja akaonyesha kichaka kilichokuwa pale pale ukingoni.

"Basi ndiyo hayo," alisema Apolinaria. "Tope linawafanya watu wayaone maji mabaya. Lakini kinachowaua watoto ni hicho cha kichakani."

Mbele zaidi walikuta mwanzo wa Lugulwa. Ilikuwa chemchemi ndogo chini ya kilima. Maji yake yalikuwa safi na baridi.

Ijumaa alasiri kijiji kilikutana. Mwenyekiti Ngollo aliongoza mkutano. Wachimbaji waliitwa, nao walikuja. Vijana kadhaa walikuwa na hasira.

"Tukawachomee kambi!" mmoja alipaza sauti. Wengine walipiga makofi.

Swaumu alisimama. Hakuwahi kusema mkutanoni. Hata hivyo, aliikunjua ramani.

"Ndugu Mwenyekiti, ndugu zangu. Tukiwafukuza hawa, kesho watakuja wengine wasiotujua. Hawa tunawajua. Mmoja ni ndugu yangu wa tumbo moja. Afadhali tuwafundishe kilipo kijito, kama sisi tulivyofundishwa juzi."

Watu waliikaribia ramani. Wengi walikuwa hawajawahi kuona kijiji chao kwenye karatasi.

Walijadiliana mpaka wakakubaliana. Wachimbaji hawatachimba karibu na ukingo, ila hatua thelathini kutoka kijitoni. Hawataosha mchanga ndani ya kijito. Watachimba mashimo mawili makubwa ya kuoshea. Katika shimo la kwanza tope litazama. Maji yatakayobaki juu yatapita kwenda shimo la pili, na watayatumia tena. Watachimba choo mbali na maji. Nao wanakijiji watafukua kisima cha misafara. Na kila nyumba itachemsha maji ya kunywa, hata yakionekana safi.

Twalibu alitengeneza mfereji wa mabati wa kupitisha maji kati ya mashimo. Pia alitengeneza mfuniko wa kisima. Shilinde na wenzake walifukua mchanga kwa siku tano. Siku ya sita maji yalianza kuingia, na Mayu alipiga vigelegele mpaka akakohoa.

Wachimbaji nao walipata jambo wasilolitegemea. Walipokwangua tope la shimo la kwanza, waliona chembe za dhahabu. Zamani kijito kiliwachukulia chembe hizo bila wao kujua.

"Dada, tulikuwa tunachafua maji na kutupa mali yetu wenyewe!" Twalibu alimwambia Swaumu akicheka.

Mvua za masika ziliosha tope la zamani. Apolinaria alipokuja kufundisha, alisema watoto wanaoharisha ni wachache sana sasa. Ramani ilitundikwa darasani. Wanafunzi wapya walijifunzia kusoma majina yake: KAMBI, KISIMA, CHEMCHEMI.

Asubuhi moja Swaumu alikwenda kijitoni kufua. Mwanajuma, ambaye sasa alikuwa akitembea, alichuchumaa ukingoni. Alitazama kwa muda mrefu maji, ambayo sasa yalikuwa yametakata kama kioo. Kisha akacheka, akapunga mkono, akamwita mama yake aje haraka.

"Mama! Mtoto!" alisema, akionyesha majini. "Mtoto anacheka!"