Hesabu ya Pak Pawira

Siku ya Legi, mojawapo ya siku tano za soko za Wajava, soko la Kotagede hufurika. Wauza njiwa huwatundika ndege wao juu ya vichwa vya watu, wauza maua humwaga waridi kwenye majani ya mgomba, na mwenye haraka hujuta kuja. Wening alikuwa ameketi mahali pake pa kila siku, karibu na lango, mbele yake sinia ya vibumunda vya kijani vilivyojaa nazi na sukari ya mnazi. Wenzake walinadi. Yeye alinyamaza, na waliomjua walimfuata.

Asubuhi ile aliyemfuata alimfuata kinyumenyume.

"Karibuni huku, wageni wangu! Tazameni juu, tazameni paa!" Alikuwa kijana mrefu, amevaa shati la lurik la mistari ya kahawia, na blangkon ya batiki imemkaa kichwani sawasawa. Alikuwa akiwatembeza watalii kwa miguu, uso kwao, mgongo kwa dunia. Akarudi nyuma, akarudi tena, akajikwaa, akaketi juu ya sinia ya Wening pwaa!

"Masya Allah! Mbak, dada yangu, nimekalia nini?"

"Vibumunda vyangu," alijibu Wening kwa sauti ndogo.

"Vyote?"

"Viwili vimekukimbia, Mas, kaka yangu!" alidakia mama wa jirani, muuza tempe za soya. "Sogea kidogo uvimalize!"

Soko likacheka. Kijana akasimama, akajipapasa nyuma, mkono ukarudi wa kijani. Wala hakukasirika. "Mbak, niambie ukweli. Naonekanaje?"

"Kama mtu aliyekalia chura," alisema Wening, kisha akafunika mdomo kwa mkono, akishangaa ni nani aliyesema vile.

Kijana alicheka hata blangkon ikamwenda upande. Jina lake Jatmiko, mtu wa Klaten. Alinunua vilivyopondeka na visivyopondeka, akawagawia wageni wake, kisha akainama. "Sasa huna cha kuuza. Twende ukatembee nasi, angalau niilipe aibu yangu kwa maneno."

Wening alikwenda. Mpaka leo hajui miguu ilipata wapi ruhusa.

Alitembea nyuma ya wote, sinia tupu kwapani. Alizaliwa katika vichochoro vile. Kuta zile za matofali mekundu alizipita tangu utotoni na ndoo ya maji, bila kuzitazama. Lakini Jatmiko alipofika kwenye kona nyembamba kabisa, alishusha sauti kama mtu anayeingia chumba chenye mtoto aliyelala.

"Msiseme neno. Sikilizeni."

Wakasikiliza. Ng'e, ng'e, ng'e, wafua fedha waligonga nyundo zao katika nyumba hii na nyumba ile, mpaka ikawa kama mji una moyo na moyo unapiga.

"Wafalme walikaa hapa, wakajenga ngome, wakahama," alisema Jatmiko taratibu. "Miaka zaidi ya mia nne imepita. Wafalme walihama na taji lao. Watu hawakuhama. Mnaowasikia ni wao."

Wening akaunyosha mkono, akaugusa ukuta. Ulikuwa na joto la jua. Akahisi kama amekaa miaka yote karibu na bibi mkubwa bila kumwamkia. Machozi yakamlenga na hakujua anamlilia nani.

Jioni ile simu yake ililia.

"Halo. Ni mimi, yule chura."

"Chura alikuwa chini yako, Mas."

"Basi mimi ni mkalia chura. Namba yako nimepewa na yule mama wa tempe, na amenitoza tabasamu. Umeshakula?"

"Nimekula. Wewe?"

"Nimekula, lakini leo chakula hakina ladha. Bila shaka nilizikalia ladha zote sokoni."

Ikawa hivyo kila jioni. Siku zingine Wening alimfuata kwenye matembezi yake, akiwa na kebaya yake, blauzi ya maua madogo, na nywele amezifunga nyuma, akikaa mwisho wa mstari. Jatmiko alizungumza na wageni huku macho yakiruka vichwa vyao vyote yakatua kwake. Wening hakuwa na maneno mengi. Lakini kwa Jatmiko aliyapata, moja moja, kama maji ya kisima kirefu.

"Laazizi wangu," Jatmiko alimwambia siku moja wameketi karibu na bwawa la samaki, "ukinyamaza hivi mimi huona haya kusema."

"Nikisema nawe utanyamaza?"

"Siku ukisema kwa sauti, nitakuwa bubu."

Baba yake Wening, Pak Pawira, alikuwa mtumishi wa makaburi ya wafalme. Alivaa koti la buluu iliyoiva, kitambaa cha batiki kiunoni na kisu cha heshima mgongoni, akitembea pekupeku, akiwavalisha wageni wanaume kabla ya kupita lango, kwa kuwa hakuna aingiaye mle na nguo za mtaani. Wageni wanawake walivalishwa na Wening siku asizokwenda sokoni. Mtaa mzima ulimjua Pak Pawira kwa jambo jingine pia: yeye ndiye aliyehesabu siku za wachumba. Wajava huihesabu siku mara mbili, siku ya juma na siku ya soko, na kila moja ina idadi yake. Idadi ya mwanamume hujumlishwa na ya mwanamke, jumla hugawanywa kwa nane, na kinachobaki ndiyo bahati yao.

Jatmiko alipokuja kuposa, alivaa batiki mpya na kuketi chini miguu ameikunja vizuri. Wening alikuwa nyuma ya pazia, birika la chai mkononi.

"Binti yangu ni Jumatatu Pahing," alisema Pak Pawira. "Wewe je?"

Kijana wa siku hizi, Jatmiko akatoa simu, akaandika tarehe yake ya kuzaliwa, simu ikamjibu. "Alhamisi Wage, Pak."

Kidole gumba cha mzee kilitembea juu ya vifundo vya vidole vyake. Kikatembea tena. Kisha akakunja ngumi.

"Imebaki moja. Moja ni kutengana. Kama si talaka, ni kaburi." Akaikunjua ngumi. "Mwanangu, sisemi kwa ubaya. Mimi na mama yake tulibakiwa na moja. Baba yangu alinikataza, nikamcheka. Mama yake ni marehemu; nimemlea huyu peke yangu."

Wening alimsubiri Jatmiko aseme. Aseme lolote! Lakini Jatmiko, kama afanyavyo kijana aliyefunzwa adabu mbele ya mkubwa, aliinamisha kichwa, akasema, "Nimesikia, Pak," akaaga vizuri, akavaa viatu mlangoni, akaondoka.

Chai ikapoa mikononi mwa Wening. Moyo wake ukatoa hukumu pale pale: amekubali upesi hivyo! Kumbe nilikuwa kituo kimoja tu katika matembezi yake.

Simu ililia, hakuipokea. Ikalia kesho yake, hakuipokea. Siku ya tatu aliipokea.

"Wening! Nimekukosea nini?"

"Hukukosea. Ulisikia, ukaondoka."

"Ulitaka nifanye nini? Nimbishie baba yako chini ya paa lake?"

"Ungeuliza hata neno moja, Mas. Moja tu."

"Na wewe ulikuwa nyuma ya pazia. Ungelifungua hata kidogo. Neno lako moja nami ningekaa pale mpaka asubuhi."

Kila mmoja akawa anasubiri mwenzake aseme, na wote wawili ni Wajava. Wangesubiri mpaka paa lianguke. Mwishowe Jatmiko akasema kwa sauti iliyochoka, "Wamenipa kazi Semarang. Alhamisi ni matembezi yangu ya mwisho hapo kwenu. Nitawaleta wageni makaburini. Usipotaka kuniona, mwambie mtu mwingine awavalishe wanawake."

Wening hakumwambia mtu mwingine.

Alhamisi, magharibi ikikaribia, uwanja wa makaburi ulikuwa na watu kuliko kawaida. Mahujaji walikuwa wakiingia kwa makundi, vikapu vya maua mikononi, moshi wa ubani ukipanda juu ya kuta. Wening alikuwa akimfunga mgeni mmoja, mama mwenye miwani, nguo ya kifuani, pini mdomoni. Hatua chache kutoka kwake Jatmiko alikuwa akiwaeleza wageni wengine, sauti yake ile ile, ila haikuwa na kicheko. Wala hakumtazama.

"Mbona watu wengi hivi leo?" aliuliza yule mama mwenye miwani.

"Wamekuja kwa ajili ya Ijumaa Kliwon, siku nzito kwetu," alijibu Jatmiko.

"Lakini leo ni Alhamisi."

"Ni Alhamisi mpaka jua lizame, Ibu. Kwetu usiku hutangulia mchana. Ikishaadhiniwa magharibi, Ijumaa imeingia."

Pini ikaanguka kutoka mdomoni mwa Wening.

Alisimama. Damu ilimpanda usoni, masikio yakavuma. Mbele yake palikuwa na wageni, mahujaji, watumishi, na baba yake kwenye baraza akimfunga mtu mkanda. Yeye, ambaye hata vibumunda hakuwahi kuvinadi, alisikia sauti yake ikipasua uwanja:

"Mas Jatmiko! Wewe ulizaliwa saa ngapi?"

Hata mzee mmoja aliyekuwa akikohoa aliacha.

"Mimi?" Jatmiko aligeuka. Akamtazama, na polepole macho yakamtoka. Maneno yale aliyasema kwa wageni kila juma, na hata siku moja hakuyageuzia kwake mwenyewe. "Si... sijui."

"Mpigie mama yako."

Akapiga. Kwa haraka kidole kikagusa kitufe cha spika, uwanja wote ukasikia.

"Le, mwanangu, umeshakula?"

"Ibu, nilizaliwa saa ngapi?"

"Swali gani hilo? Umekula au hujala?"

"Nimekula, Ibu! Saa ngapi?"

"Magharibi ilishaadhiniwa. Nitasahau vipi? Baba yako alikuwa msikitini, akaitwa, akaja mbio sarungi ikimporomoka njiani, mtaa mzima ukamwona. Mwenyewe mpaka leo hataki niseme."

Wageni wakacheka. Pak Pawira hakucheka. Aliuachia mkanda, akashuka barazani pekupeku, akaja.

"Kwa nini hukumwambia mtoto siku yake?" aliuliza mzee, kama vile mama yake Jatmiko amesimama pale.

"Nani huyo? Ah, mimi si mtu wa hesabu hizo, Pak. Mtoto alizaliwa mzima, nikamshukuru Mungu, basi. Le, hebu niambie, ni kwa yule msichana wa vibumunda?"

"Ndiyo, Ibu."

"Usikate simu."

Pak Pawira aliinua mkono wake wa kushoto. Si Alhamisi Wage tena. Ijumaa Kliwon. Kidole gumba kikaanza safari yake juu ya vifundo.

"Bapak," alisema Wening.

"Ngoja, Nduk, binti yangu, nahesabu."

"Siwezi kungoja. Nikingoja nitanyamaza tena." Alipiga magoti mbele ya baba yake juu ya mawe, akainua uso. "Hata ikibaki moja, nitakwenda naye. Usinione sina adabu. Wewe na Ibu mlibakiwa na moja. Ungejua yote tangu mwanzo, Bapak, ungemwacha Ibu kwao?"

Kidole cha mzee kilisimama. Aliangalia juu ya kichwa cha binti yake, kule kuta zilikowazunguka wafalme, waliokuwa na majeshi na wakazikwa kama watu wote. Waridi na ubani vilinukia.

"Nisingemwacha," alisema. "Hata siku moja nisingemwacha."

Akashusha mkono bila kumaliza. Kisha, kwa kuwa kazi ni kazi na yeye alikuwa mtu wa kazi yake, akauinua tena, akamaliza.

"Imebaki tatu."

"Tatu ni nini?" alinong'ona yule mama mwenye miwani, ameshikilia nguo yake kifuani kwa mikono miwili.

"Tatu," alisema Pak Pawira, "ni watu walioumbiwa kuwa pamoja." Akamgeukia Jatmiko kwa ukali wa kuficha machozi. "Na wewe umesimama kama nguzo! Siku ile ulisema umesikia, ukaenda zako. Leo una la kusema?"

Jatmiko alifungua mdomo. Mtu yule aliyezungumza na mataifa yote hakupata neno. Alipiga magoti kando ya Wening, akamtazama kama alivyozitazama kuta zile siku ya kwanza alipofika Kotagede, kama kitu kilichokuwepo kabla yake na ambacho hakustahili kukigusa.

"Utanioa?" Wening alimuuliza, kwa kuwa hapakuwa na mwingine wa kuuliza.

Jatmiko akaitikia kwa kichwa. Akaitikia tena.

"Mbona kimya?" simu ilipiga kelele. "Anakataa? Mpeni simu huyo msichana!"

"Nimeshakubaliwa, Ibu," alisema Wening. "Njoo."

Jua lilikuwa likigusa kuta. Kutoka msikiti mkongwe wa jirani ngoma ilipigwa, nzito, mara moja, kisha tena, na adhana ikapanda juu ya mapaa. Ijumaa Kliwon iliingia mbele ya macho yao. Wageni walisimama pekupeku kwenye mawe yaliyokuwa bado na joto la mchana, hakuna aliyetoa simu kupiga picha, ingawa hakuna aliyewakataza. Adhana ikaisha. Bado wakasimama, wakimsubiri kiongozi wao awaambie la kufanya. Kiongozi wao alikuwa akifuta macho kwa ncha ya blangkon.

Wening akasimama, akamfunga yule mama pini yake, akatembea mpaka mbele ya mstari, mahali ambapo hakuwahi kusimama. Akaweka mkono juu ya ubao wa lango.

"Karibuni," alisema, kwa sauti iliyofika mpaka mwisho. "Inamisheni vichwa. Lango ni fupi, na waliolala ndani ni wakubwa."