Fundo la Hinda

Ndani ya Suq Mugdi, soko la Garissa ambalo paa zake za magunia hufanya adhuhuri ionekane kama magharibi, Kinsi alishika ncha moja ya kamba, na mwanamume asiyemjua akashika ncha ya pili.

"Achia, ndugu yangu. Nimeiona kwanza."

"Wewe umeiona kwanza, mimi nimeishika kwanza. Ya nini kamba ndefu hivi? Mbuzi wako katoroka?"

"Ina kazi yake."

"Yangu ni ya kufunga turubali la lori. Nisipofunga vizuri, sukari ya watu wa Wajir itabaki barabarani."

"Na yangu ni ya kufunga bibi harusi," alisema Kinsi.

Mwanamume akacheka, akaachia. Alikuwa mrefu, amevaa kikoi cha mistari ya buluu, na vumbi jekundu la njia ya Wajir lilikuwa bado kwenye nyusi zake. Yeye naye alimwona msichana mwenye dera la rangi ya zafarani, shali nyeusi, na vidole vyenye hina iliyoanza kufifia. Alisema anaitwa Mursal. Kinsi alilipa na kuondoka bila kutaja jina lake, lakini alipofika kwenye mwanga wa nje aligeuka kutazama nyuma. Mursal alikuwa bado anamtazama.

Huo ulikuwa mwaka wa 1996. Kamba ile ilikuwa ya heedho ya Istahil, rafiki yake aliyekuwa anaolewa na Guled, karani wa ofisi moja mjini. Mama yake Istahil, ambaye wote walimwita Eedo, yaani shangazi, Ruqiya, alizaliwa Burao, ng'ambo ya mpaka, na kwao harusi haijaisha mpaka siku ya saba, heedho ifunguliwe. Ni chombo cha kusuka kilichojazwa nyirinyiri, nyama iliyokaushwa kwa samli, na tende, kikavikwa nguo kama msichana, kikazungushiwa kamba ambayo ncha yake imefichwa. Mpambe wa bwana harusi na wenzake huitafuta ncha mbele ya watu wote. Kukata ni haramu, na anayekosea hupigwa fimbo.

Kazi ya kuifunga walipewa Kinsi na Hinda, marafiki tangu darasa la kwanza. Siku mbili walikaa magoti kwa magoti, wakibishana na kucheka. Ncha waliificha shingoni, chini ya shaash, kitambaa cha kichwani. Wao wawili tu ndio waliojua. Eedo Ruqiya akaisomea dua, akaifunika.

"Sasa ni amana," alisema. "Asiiguse mtu."

Wakati huo Mursal alikuwa ameshampata Kinsi. Aliulizia sokoni hadi akaelekezwa mtaa wa Waberi, kwenye duka la Bare lililokuwa na simu. Kila Alhamisi sauti ya Bare ilivuka mtaa mzima: "Kinsi! Wajir inakuita!"

"Habari ya kamba yangu?" Mursal aliuliza.

"Nzima. Habari ya turubali?"

"Linapigapiga upepo. Nilimpa msichana mmoja kamba nzuri, hata jina hakunipa."

"Maskini. Mkarimu kama wewe!"

"Sikuwa mkarimu, roho yangu. Nilijua nitakuja kuitafuta."

Alhamisi ya nne alimwambia habari mpya. "Nakuja huko kwa harusi. Guled ni rafiki yangu tangu shule. Mimi ndiye mpambe wake."

Mpambe ndiye mfunguaji wa heedho. Kinsi alipaswa kumwambia Hinda siku ileile, lakini penzi lilikuwa bado changa, naye alitaka kukaa nalo peke yake kidogo. Akasema moyoni, nitamwambia kesho.

Siku mbili kabla ya harusi Hinda alikwenda kununua sabuni, akamkuta Kinsi ameegemea kaunta, anacheka na simu.

"Nani huyo?" Hinda alimuuliza Bare.

"Huyo? Si mpambe wa Guled! Kila Alhamisi hapa," alijibu Bare, ambaye hakuwahi kuiuza siri, aliigawa bure.

Kinsi aliweka simu chini.

"Kila Alhamisi, Kinsi?"

"Abaayo, dada yangu, nilitaka kukuambia."

"Lini? Akishaifungua?"

"Wallahi sijamwambia lolote kuhusu heedho."

"Hata mimi hukuniambia lolote," alisema Hinda, "na mimi ni dada yako."

Akaondoka akaisahau sabuni.

Harusi ikaanza. Ngoma zilipigwa, uunsi ukafukizwa, madera ya kila rangi yakajaa uani. Istahil, kutoka kiti chake, aliwaona marafiki zake wawili wameketi pande mbili za chumba kama wageni wa harusi mbili tofauti. Alimwita Hinda, akamwita Kinsi. Kila mmoja alimwambia hakuna kitu.

Siku ya tano, baada ya alasiri, wanawake wote wakiwa uani wakicheza, Hinda aliingia chumbani na kufunga mlango. Aliifungua heedho kamba yote. Akaifunga upya, peke yake, kwa fundo alilofundishwa na bibi yake, na ncha akaificha chini ya kitako. Mikono ilikuwa inamtetemeka. Alirudisha nguo na shaash vilivyokuwa, akatoka, akacheza.

Kesho yake Mursal alipiga simu kutoka kibanda cha Posta, palepale mjini.

"Mursal, kesho usiiguse heedho. Mwachie mwingine."

"Mimi ni mpambe, Kinsi. Guled atawaambia nini watu?"

"Mwambie unaumwa."

"Naumwa nini? Au unaona haya watu wajue unazungumza na mtu wa lori?"

Kinsi alitaka kumweleza yote, lakini Bare alikuwa ameshapunguza sauti ya redio ili asikie vizuri.

"Siwezi kusema sasa," alisema.

"Basi nimeelewa."

"Hujaelewa!" Lakini simu ilikuwa imekatika.

Siku ya saba heedho iliwekwa katikati ya mkeka, imevikwa hariri nyekundu, kama msichana mfupi, mnene, anayeona haya. Wanaume wawili walijaribu kabla ya Mursal. Kila mmoja alipata fimbo ya bega kutoka kwa Eedo Ruqiya, na vigelegele juu yake.

Mursal akakaa. Shati lake lilikuwa jeupe, halina chembe ya vumbi, na hakumtazama Kinsi. Hakuvuta kamba. Aliipapasa tu kwa kiganja, taratibu, kuizunguka yote.

"Warya!" mwanamke mmoja alimtania. "Fungua, usiikande mgongo!"

Watu walicheka. Mursal aliinamisha sikio.

"Aliyeifunga hii alikuwa na hasira," alisema.

"Umejuaje?" aliuliza Eedo Ruqiya.

"Nafunga mizigo miaka minane, Eedo. Mtu aliyetulia hukaza pande zote sawa. Hapa upande wa kulia kamba inalia. Kushoto mkono ulitetemeka. Na yote inavutwa kuelekea chini."

Akailaza, akapitisha kidole chini ya kitako, akatoa ncha. Kamba ikaanza kufunguka, mzunguko baada ya mzunguko.

Wanaume walipiga kelele za furaha. Upande wa wanawake sauti moja ikasema, "Ameambiwa!" Nyingine ikaongeza, "Mwulizeni Kinsi. Anaongea naye kila Alhamisi."

Eedo Ruqiya aligeuka. Kinsi alikuwa anaitazama ncha ile mkononi mwa Mursal. Ilitoka kitakoni. Wao waliiweka shingoni. Alielewa mara moja, na akajua pia kwamba neno moja lingemsafisha: hili si fundo letu. Lakini neno hilo lingeangukia kichwani kwa Hinda. Alimtazama rafiki yake, akavuta shali, akanyamaza.

Hinda alimwona akinyamaza. Akasimama.

"Kinsi hakusema," alisema. "Hangeweza kusema. Fundo hili yeye halijui. Nililifunga peke yangu juzi, baada ya dua. Mwenye hasira ni mimi."

Eedo Ruqiya akamsogelea, fimbo mkononi.

"Uliigusa amana yangu?" aliuliza.

"Niliigusa, Eedo. Nisamehe. Nilifichwa na dada yangu, nikaumia."

Mama yule alimtazama mmoja, akamtazama mwingine, kisha akampa Kinsi fimbo. "Shika. Huyu ni wako."

Kinsi alimchapa bega, mara moja.

"Aii! Umechapa kweli!"

"Hiyo ni ya kunidhania."

"Basi lete hapa. Na ya kunificha je?"

Kinsi akampa fimbo na kumgeuzia mgongo. Hinda akachapa, naye hakuchapa kwa mzaha. Kisha akaitupa fimbo, wakakumbatiana wakilia na kucheka, hina ya mmoja juu ya hariri ya mwingine. Istahil, aliyetakiwa kukaa kimya na kuinamisha macho, alicheka hadi shela ikamwanguka.

Watu walipokuwa wanakula, Mursal alisimama mlangoni, tende mkononi.

"Kwa hiyo hayakuwa mambo ya lori?"

"Yalikuwa masikio ya Bare," alisema Kinsi. "Na wewe una haraka ya kukata simu."

"Nisamehe. Alhamisi hii sitapiga."

Kinsi aliinua macho. "Kwa nini?"

"Nitakuwa njiani na wazee wangu. Wanakuja kwa baba yako."

Kinsi alijifunika mdomo kwa shali, lakini macho yake yalikuwa yameshajibu.

"Walete," alisema Hinda kutoka nyuma yake, "na ulete mgongo mgumu. Heedho yake nitaifunga mimi, na sitakuwa na hasira."

Hakuwa nayo. Kamba ya heedho ya Kinsi ilikazwa sawa pande zote, na Mursal, aliyekataa kumwachia mpambe wake, aliipapasa tangu adhuhuri hadi mwadhini alipoita alasiri, asiambulie kitu ila fimbo. Wanaume walipotoka, Hinda alimnong'oneza Kinsi sikioni mahali ncha ilipo, wakaifungua wawili, magoti kwa magoti.

"Usimwambie," alisema Hinda.

"Simwambii."

Hinda ametangulia mbele ya haki, Mungu amrehemu. Kamba yake imetundikwa kwenye msumari, nyumbani kwa Kinsi, Waberi. Jioni nyingine, baada ya chai, Mursal huitazama, akamkumbuka shemeji yake, akauliza, "Kinsi, niambie sasa. Ilikuwa wapi?"

Kinsi hummiminia kikombe cha pili. Hamwambii.