Mpaka Lamara Anywe

Badri alikuwa amebandika jina lake kwenye filamu ya Lamara. Zilibaki wiki tatu kabla ya harusi yao.

Lamara aliliona bango la filamu hiyo kwenye simu, akiwa mezani kwa mama yake Badri, huko Sighnaghi, mji mdogo wa Georgia, wageni thelathini wakigombea mikate ya jibini. Ujumbe ulitoka kwa Gela, mpiga picha wake:

"Dada, umeona hii? Badri ndiye mwongozaji. Wewe mwigizaji tu."

Akamvuta Badri jikoni.

"Hii nini?"

"Usipandishe sauti, mpenzi. Wenye majumba ya sinema wanataka jina la mwongozaji wanayemjua. Wewe watu wanakujua sura."

"Miaka miwili nimekanyaga matope ya milima ya Tusheti nikiiongoza. Wewe ulikuja siku mbili, moja ukalala garini."

"Tukioana, chako changu. Tofauti iko wapi?"

"Basi andika langu, halafu liwe lako."

Badri akacheka, akambusu kwenye paji la uso, akarudi mezani. Siku hiyo yeye ndiye tamada, msimamizi wa karamu: hakuna anayegusa mvinyo kabla hajasema, na akimpa mtu neno, mtu huyo hakatizwi mpaka amalize kinywaji chake.

Akainua pembe ya kunywea iliyojaa mvinyo.

"Tunywe kwa ajili ya wanawake! Maua ya nyumba zetu! Wanaonyamaza ili sisi tusikike!"

Wanaume wakashangilia.

"Neno nampa Lamara wangu, nyota wa filamu yangu!"

Kosa lake ndilo hilo. Alitaka ashukuriwe hadharani.

Lamara akaipokea pembe.

"Ahsante, tamada. Sijanywa bado, nina swali. Yule bibi kwenye filamu, anapoletewa habari ya kifo, kwa nini kamera inatazama mgongo wake?"

"Ni... ni mtindo," Badri akasema. "Mtazamaji aiwazie huzuni mwenyewe."

"Mama Venera, eti ni mtindo?"

Venera, mama yake Badri, ndiye aliyeombwa kuigiza bibi yule. Akafuta midomo taratibu.

"Mtindo gani! Niligoma kulia mbele ya wanaume. Lamara akawafukuza wote, akaigeuza kamera kwa mikono yake, akakaa nami mpaka machozi yakaja. Wewe mwanangu hukuwepo."

Mwenye jumba la sinema, aliyekuwa miongoni mwa wageni, akaacha kutafuna.

"Mama, unanivunjia heshima!"

"Heshima ipi? Kaa chini! Neno ni lake, hajanywa."

"Lamara, tutaongea nyumbani."

"Nyumbani kwa nani, Badri? Kwenye filamu nimeigiza wake ishirini na sita. Wa ishirini na saba siigizi."

Akainywa pembe yote, akaigeuza juu chini. Halikudondoka tone. Wa kwanza kunywa baada yake alikuwa Venera.

Bango likabadilishwa wiki ile ile, na jina la Lamara likakaa juu kabisa. Venera humpigia kila Jumapili.

Kwa hilo Lamara alilipa miaka saba ya mapenzi. Alilipa pete moja, gauni ambalo fundi alishalikata, chumba chenye roshani mtaa wa Sololaki, na waigizaji wanne, marafiki wa Badri, ambao hawapokei tena simu za Lamara. Na mpaka leo, akisikia mwanamume anacheka kama Badri, shingo yake hugeuka yenyewe. Hiyo nayo anaihesabu katika malipo.