Meli ya Saba Ilipoitika

Kikosi kilikuwa na meli sita, ukiacha ile ya kamandi iliyoziongoza, lakini asubuhi hiyo meli zilizoitika zilikuwa saba.

Sikio, mwendesha redio wa kamandi, aliziita moja moja kama ilivyokuwa desturi kila ilipotimia saa. Ilikuwa saa tatu. Moja ikaitika, Mbili ikaitika, hivyo hivyo mpaka Sita. Kisha spika ikakoroma kidogo, na sauti nzito, kama ya mtu mwenye maji kooni, ikasema, "Saba. Nakusikia."

"Nimekupata, Saba," akajibu, maana mdomo ulikwisha kuzoea.

Koplo Kipimo, aliyekuwa akichora mahali pa kila meli kwenye ubao wa kioo, akageuka na kalamu yake mkononi.

"Dada, hiyo ya saba umeizaa lini? Jana tulilala na sita."

"Umeisikia?"

"Nimekusikia wewe ukiijibu. Sasa niichore wapi, kwenye paji la uso?"

Akacheka peke yake. Chumba kile kilikuwa ndani kabisa ya meli, hakina dirisha hata moja, na siku zote kilinuka kahawa na nyaya zilizopata moto. Sasa Sikio alisikia harufu nyingine, ya tope la kilindini, kama vile mtu aliyetoka huko alikuwa amesimama nyuma ya kiti chake. Akageuka. Hapakuwa na mtu.

Meli ya kamandi haikuwa na mizinga ya kutisha. Kazi yake ilikuwa kujua. Siku hiyo ya zoezi, meli nyingine zote zilikuwa zimezima rada ili zisigundulike, ukungu umetanda juu ya maji, na kila nahodha alikwenda kwa kuambiwa tu: geuka, punguza mwendo, simama. Kipimo alipima, Mkuu wa kikosi akaamua, Sikio akasema. Amri zote zilipita kwenye sauti moja ili watu wasichanganyikiwe, na wapo manahodha waliomtii miaka miwili bila kumwona sura.

Ndani ya Nne, kwenye chumba cha injini, ambako spika ilileta kila neno la redio, alikuwamo mdogo wake wa mwisho, Kitinda, fundi wa meli. Sikio ndiye aliyemlea tangu mama yao alipofariki, mtoto akiwa na miaka mitatu, na ndiye aliyempeleka kuandikishwa. Baba yao hakutaka. "Akifa maji, utanijibu wewe," alimwambia, na tangu hapo hawakulizungumza tena jambo hilo.

Saa nne, Saba iliitika tena. Safari hii maji yalikuwa yamepungua kooni, na ile sauti ilikuwa ya mwanamke. Kipimo aliacha utani. Mkuu akaita mafundi, wakakagua antena, wakasema ni mawimbi ya redio za watu yameingiliana.

"Usiijibu," Mkuu akaagiza.

"Safari hii sikuijibu, afande."

"Basi endelea na kazi."

Saa tano kasoro dakika kumi, kabla Sikio hajamwita mtu yeyote, nahodha wa Nne akasikika kwenye spika. "Nimekupata, Kamandi. Nageuka kaskazini, mwendo kamili."

Kipimo akautazama ubao.

"Nani kampa amri hiyo? Kaskazini kuna miamba!"

"Si mimi."

"Dada, dakika kumi na tano hazifiki, wataigonga."

Sikio akabana kitufe. "Nne, hapa Kamandi. Futa amri. Simama."

"Nne, puuza hiyo," akasema Sikio. Lakini Sikio aliyekuwa kwenye kiti alikuwa amefunga mdomo. Sauti ilitoka kwenye spika, yake mwenyewe, hata ile namna yake ya kulishusha neno la mwisho. "Kuna mgeni anatuigiza. Endelea kaskazini."

"Nimekupata, Kamandi. Naendelea."

Mkuu akanyakua maikrofoni, akataja cheo chake, akafoka mpaka mishipa ya shingo ikasimama. "Na huyo pia mpuuze," ikasema sauti kwa upole. Manahodha walikuwa wamefundishwa kutii sauti moja, nao waliitii. Nne ilikuwa umbali wa maili tisa. Hapakuwa na honi ya kufika huko, wala taa ya kupenya ukungu ule.

Mpishi mkuu alikuwa amesimama mlangoni na birika la kahawa. Mzee huyo alikuwa mganga kabla hajavaa sare, na mabaharia waliosumbuliwa na mambo yasiyo na dawa hospitalini walimfuata jikoni kimyakimya. Alivuta hewa puani, akaliweka birika sakafuni.

"Nani amelijibu?" akanong'ona.

"Mimi, Mzee."

"Mwanangu! Jini la maji halina mikono ya kusukuma meli. Linatafuta mahali ambapo wengi wanamtii mmoja, lipakalie. Nawe umelipa kiti."

"Litoe basi, Mzee. Mdogo wangu yuko kule. Litoe!"

"Punguza sauti, linakusikia. Litatoka likikosa wa kulitii. Sauti limeichukua kwako, lakini linajua yale tu liliyokusikia ukisema. Humo redioni umewahi kusema nini?"

"Amri. Amri tu, ndiyo sheria."

"Basi sema lisichokijua."

Sheria ilikataza kutaja jina la mtu hewani, ilikataza kutaja undugu, na Sikio hakuwahi kuivunja hata siku moja. Lakini mkono wake ulikwisha kukibana kitufe, na yale aliyoyafungia kifuani miaka yote yakamtoka bila mpango, akasema Kitinda, mdogo wangu, ni mimi dada yako, sikuamuru, nakuomba, zima hizo injini, nakupigia magoti mtoto wa mama yangu, mimi ndiye niliyekuleta huko na sina uso wa kumpelekea baba maiti yako, akasema na huku ile sauti nyingine ikipiga kelele juu ya yake, kaskazini, kaskazini, mwendo kamili, kwa ukali uleule wa kila siku, nayo harufu ya tope ikazidi mpaka Kipimo akainama kutapika, na Sikio akaendelea kuomba, akilia kwa kwikwi kama mtoto mdogo, mpaka koo likakauka.

Spika ikakoroma.

"Kamandi." Nahodha wa Nne alikuwa akihema. "Injini zimezimwa. Fundi amezizima bila amri yangu. Naona povu la mawimbi kwenye miamba, hapa mbele kabisa."

Mpishi akaweka kiganja juu ya spika, akasoma dua kwa pumzi ndogo, muda mrefu. Maji meusi yakachuruzika kutoka kwenye matundu yake, yakalowesha meza, kisha yakakoma. Harufu ikaondoka. Mkuu akaamuru rada zote ziwashwe.

Saa sita Sikio aliziita meli kwa sauti ya kukwaruza. Ziliitika sita. Wakasubiri. Ya saba haikuitika.

"Sita, dada," akasema Kipimo. "Nimehesabu mpaka kwa vidole vya miguu."

Sikio akacheka, machozi yakimtoka.

Robo saa baadaye nahodha wa Nne aliita tena, kwa sauti ya chini.

"Kamandi, hapa Nne. Fundi wangu amepanda sitahani na kuvuka kamba za ukingo. Anasema dada yake yuko chini, ndani ya maji, anamwita kwa jina, analia, anamwomba ashuke. Watu wangu wamemshika miguu lakini anapigana nao. Dada yake si ndiye wewe? Niwaambieje?"

Sikio akakirukia kitufe. Spika ikamtangulia, kwa sauti yake ileile iliyopasuka kwa kilio.

"Nakuomba, nahodha," ikasema. "Nakupigia magoti. Mwachieni mdogo wangu."