Unga Apoteza Wimbo

Kazini walimwita Unga. Alikuwa mwokaji mikate, na unga haukumtoka nywelini hata akioga. Kila siku alirudi nyumbani saa mbili asubuhi, macho mazito, miguu inamuuma. Badala ya kulala, aliketi mbele ya kompyuta kuukuu na kutengeneza muziki.

Mdogo wake wa kike alikuwa anaolewa Jumamosi. Unga alimwahidi wimbo wa kuingilia ukumbini. Kwa wiki tatu alipanga ngoma, kinanda na sauti yake mwenyewe. Kompyuta haikuzimwa kamwe. Betri yake ilikufa zamani, kwa hiyo ilichomekwa ukutani muda wote.

Jumatatu jioni alitoka kuoga akamkuta mkewe anapiga pasi sare za watoto. Kioo cha kompyuta kilikuwa cheusi.

"Umechomoa?"

"Dakika mbili tu, baba watoto. Soketi ni moja."

Unga aliiwasha. Akatafuta wimbo. Akatafuta tena. Kisha akaketi sakafuni, taulo begani, akalia.

Mkewe alimwita jirani yao, mchapaji wa shule.

"Shemeji, uliuhifadhi?" mchapaji aliuliza.

"Nihifadhi vipi wakati haujaisha? Siweki mkate kwenye mfuko kabla sijauoka!"

Mchapaji alitaka kucheka, akajizuia. "Kuhifadhi si kumaliza, shemeji. Mimi hata barua ya mistari miwili naipa jina na kuihifadhi kabla sijaanza. Nikiongeza kitu, nahifadhi tena."

"Na wimbo wangu?"

"Umekwenda. Hukuuweka popote. Pole sana."

"Kosa ni langu," alisema mkewe.

"Wewe umechomoa waya tu," Unga alijibu kwa uchovu. "Kuhifadhi ilikuwa kazi yangu."

Mchapaji alimwonyesha. "Bonyeza Ctrl na S pamoja. Andika jina. Ukibadilisha chochote, bonyeza tena. Ukimaliza kazi ya siku, weka nakala kwenye flashi, na flashi ikae mbali na kompyuta."

Unga alianza upya. Sauti ilikuwa imekauka, na ngoma zilikataa kukaa sawa. Mara mbili alisinzia juu ya meza. Alitamani kuacha. Lakini kila alipoongeza kipande, alibonyeza.

Alhamisi asubuhi umeme ulikatika mtaa mzima. Mkewe alikuja mbio kutoka jikoni, mikono imejaa povu.

"Baba watoto! Wimbo!"

Unga alikuwa amejitupa kitandani na viatu vyake.

"Upo," alisema bila kufumbua macho. "Na nakala ipo kwa mchapaji. Niache nilale."

Jumamosi bibi harusi aliingia ukumbini akiucheza wimbo wa kaka yake. Watu walisimama, vigelegele vikajaa ukumbi. Mkewe alimgeukia Unga ampongeze. Alikuwa amelala kitini, mdomo wazi. Hakumwamsha.