Matope ya Sapa Kwenye Basi la 140

"Ukitoka kwenye foleni hii, Hafidh, usinitafute."

Ghalia hakupandisha sauti hata kidogo. Alikuwa ameshika pasipoti mbili mkononi, yake na ya mumewe, na mbele yao wamebaki watu wawili tu kabla ya kufika kwenye mizani ya mabegi. Hafidh simu iko sikioni, uso umemkunjamana kama mtu aliyekunywa siki. Upande wa pili wa simu alikuwa mama yake, Bi Zainab, na huhitaji kukaa karibu kumsikia. Foleni nzima ya Heathrow ilikuwa inamsikia.

Presha imepanda, anasema. Kichwa kinamzunguka. Na hata kama angekuwa mzima, tangu lini mtoto wa watu akasafiri na mwanamume, tena milimani, tena Vietnam, na harusi bado?

Sasa hapo ndipo penye kisa. Hafidh si mwanamume tu. Ni mume. Nikaha yao ilifungwa Shaaban iliyopita, msikitini, mashahidi wapo, halua imeliwa. Ila Ghalia alikuwa hajakabidhiwa. Kwa watu wa Unguja na Pemba waliojaa London hii, nikaha inaweza kufungwa leo na biharusi akakaa kwao miezi chungu nzima, mpaka ifanywe harusi yenyewe ya ngoma na ukumbi. Kisheria ni mke. Kwa majirani ni mwari.

Na harusi kila ikikaribia, Bi Zainab anaisogeza. Mara ya kwanza mjomba wa Muscat kakosa viza. Halafu ukumbi haukumpendeza, zulia lake lina madoa. Halafu binamu ana mitihani. Ghalia, karani wa wodi pale hospitali Lewisham, mtu anayepanga vitanda vya wagonjwa wazima wazima, akaona hili nalo atalipanga mwenyewe. Rafiki yake Jedidah, nesi wa Kikenya, alikuwa amekwenda Sapa, huko Vietnam, mwaka uliopita, akamletea picha: ngazi za mpunga kutoka bondeni mpaka mawinguni, vijiji vimening'inia pembeni, unatembea siku tatu na mwenyeji wa hukohuko. Ghalia akabuku nafasi za watu wawili. Bwana na bibi.

"Presha ya mama hupanda kila nikikaribia ndege," Hafidh kasema, simu kaifunika kwa kiganja. "Lakini nikienda kisha ikawa kweli je?"

"Una dada wawili pale nyumbani. Mmoja daktari."

"Ghalia, mpenzi, tuahirishe tu."

"Nshachoka na hilo neno."

Akatazama sakafu, akatazama simu. Kisha, jamani, akanyanyua begi lake akatoka kwenye foleni.

Ghalia akamkabidhi Hafidh pasipoti yake, akasogea mbele. Yule dada wa kwenye mizani akamuuliza anasafiri na nani.

"Peke yangu," akajibu. Kulia alilia baadaye, juu ya mawingu, kwa muda wa filamu nzima, kisha akala chakula chote alicholetewa.

* * *

Mwenyeji wake aliitwa Sho, mwanamke mfupi wa Kihmong, kabila la milima ile, vidole vimekuwa buluu kwa rangi anayotilia nguo zake, Kiingereza chake amekiokota kwa watalii na kinakwenda kasi kuliko miguu yake, na miguu yake ilikuwa inakwenda kasi sana. Yeye kavaa ndara za plastiki. Ghalia kavaa mabuti mapya ya mlimani, na ndiye aliyekuwa anateleza.

Ulikuwa msimu wa kupandikiza. Kila ngazi imejaa maji, na kila maji yamebeba kipande chake cha mbingu, mpaka ukitazama chini unaona mawingu yako miguuni. Kinamama wameinama, miche wanaichomeka mmoja mmoja. Ghalia akamkumbuka mama yake, Bi Moza, aliyekua Wete akilima mpunga mabondeni, na ambaye hadithi zake zote za utotoni ni za kuamia ndege: kukaa shambani kutwa nzima unawapigia kelele wasile masuke. Akaomba naye achomeke miche kidogo. Wakamcheka, wakampa fungu. Akavua mabuti, akapandikiza mstari mmoja umepinda kama nyoka, kisha akaanguka chali na nguo zake zote. Raba alizokuwa amezifunga kwenye begi zikadidimia na hazikuonekana tena. Wale kinamama wakamvuta kwa mikono yote miwili huku wanapiga kelele za furaha, naye kwa mara ya kwanza tokea Heathrow akacheka hasa.

Jioni wakafika nyumba ya kulala. Mwenye nyumba alikuwa ameambiwa wanakuja bwana na bibi, kwa hiyo alikuwa ametandika godoro la watu wawili chini ya chandarua kimoja, na mezani kaweka mabakuli mawili. Ghalia akaomba mayai ya kuchemsha, maana mafuta ya jikoni mle yalikuwa ya nguruwe. Mama yule akakubali, kisha akalionyesha lile bakuli la pili akauliza kitu.

"Anauliza mumeo yuko wapi," Sho kasema. "Anaogopa mlima?"

"Mwambie anamwogopa mama yake."

Sho akatafsiri. Mama mwenye nyumba akacheka mpaka akajishika kiuno, akasema maneno mawili matatu.

"Anasema hata huku wapo."

Lakini lile bakuli hakuliondoa. Liliachwa palepale, tupu, mkabala na Ghalia, na kila akimenya yai macho yake yanaliendea. Maana ukweli ni kwamba alikuwa anampenda Hafidh. Angekuwa hampendi, mambo yangekuwa mepesi.

Siku ya pili wakapanda mgongo wa mlima, na huko juu simu ikakamata mtandao. Meseji zikamiminika. Jedidah anauliza kama yuko hai, na kumjulisha kwamba London nzima inasema ametoroka na Mzungu. Kisha ya Hafidh:

"Mama anasema ukitua uje moja kwa moja umuombe radhi. Halafu tutapanga harusi mwakani. Nisamehe. Nakupenda."

Ghalia hajamaliza kukasirika, simu ikalia. Mama yake. Akaketi juu ya jiwe, akajitayarisha kusemwa.

"Huko mpunga ushatoa masuke?" Bi Moza kauliza.

"Bado, mama. Wanapandikiza."

"Basi hata ndege wa kuamia hakuna. Bi Zainab alikuja hapa jana. Kanambia nimekulea vibaya. Nikamuuliza, bibi, anayemkabidhi biharusi ni mama wa mke au mama wa mume?"

"Akasema nini?"

"Kanywa chai."

Ghalia akajikuta anacheka na machozi yanamtoka.

"We Ghalia. Bado unamtaka?"

"Namtaka. Lakini radhi siombi."

"Mimi radhi sijakuuliza. Nimekuuliza kama unamtaka. Haya, tembea, usije ukaanguka."

Hakumwambia kwamba ameshaanguka. Akafungua meseji, akaandika na vidole vyenye matope:

"Sina kosa, siombi radhi, na mwakani sisubiri. Natua Jumapili saa nne asubuhi, Terminal 3. Njoo kama mume, nyumba tuliyoipanga Hayes ina kitanda tayari. Kama unakuja kama mtoto wa Bi Zainab, usije, niletewe talaka yangu."

Akaibonyeza ikaenda. Wakaanza kushuka, mtandao ukakatika, na hakupata jibu tena mpaka mwisho wa safari.

* * *

Jumapili milango ya Terminal 3 ilipofunguka, Ghalia alitoka amevaa mabuti yaleyale, matope ya Sapa yamekauka mpaka vifundoni. Viatu vingine hakuwa navyo.

Wa kwanza kumwona ni mama yake. Bi Moza kajifunga buibui lake la Idi, mkononi ana kikapu, ndani yake kanga mpya gora, chetezo na udi ambao hakuthubutu kuuwasha kwa kuogopa king'ora cha moto, na asumini alizozitafuta mtaa wa Kingsbury kwa Wahindi mpaka akazipata. Hatua chache kutoka hapo kaketi Bi Zainab, mkoba mapajani, mgongo wima. Katikati yao yuko Hafidh, bado na kizibao cha manjano cha kazini, ghala la Hayes, katoka shifti hata nyumbani hajapita.

Bi Zainab akawa wa kwanza kusema.

"Karibu mwanangu. Sasa twende kwangu, ukae na watu wazima, uombe radhi. Mengine yatafuata."

Ghalia alimtazama Hafidh, basi. Na Hafidh, ambaye maisha yake yote akisemeshwa na mama yake hutazama sakafu, leo akamtazama mama usoni.

"Mama, safari ile nilitoka kwenye foleni. Leo sitoki."

"Unanambia mimi?"

"Nakwambia wewe, na heshima yako iko palepale. Huyu ni mke wangu tokea Shaaban. Leo anakwenda nyumbani kwake. Asiyetaka kuja, tutamletea pilau."

"Watu watasema."

"Watu wanasema wiki nzima, Bi Zainab," Bi Moza kaingilia, anatoa kanga kikapuni kama hana haraka, "na wewe ndiye uliyewapa la kusema."

Bi Zainab akafungua mkoba akaufunga. Akaufungua tena. Sauti ilipotoka ilikuwa ndogo, si ile ya kwenye simu.

"Mimi nilikabidhiwa kimya, sitini na nne, mwaka wa mapinduzi. Madirisha yamefungwa, hata kigelegele kimoja hakikupigwa, wanaogopa. Nikasema mwanangu wa kiume, yake itakuwa harusi ya harusi. Ukumbi usio na kasoro. Ndugu wote. Kila nikitazama naona bado haijatosha."

Ghalia hasira zilikuwapo, lakini zikakosa pa kushika. Akapiga hatua mpaka mbele ya mama mkwe wake.

"Mama, ungeniambia hili Shaaban, ningekuelewa. Ngoma tutapiga, ukumbi utauchagua wewe. Lakini hiyo itakuwa sherehe. Harusi yangu ni leo. Na radhi siombi."

Bi Zainab akamtazama kuanzia ushungi mpaka matope.

"Na mabuti hayo?"

"Na mabuti haya."

Wakapanda basi la 140 kwenda Hayes. Dereva Kalasinga akatazama lile kundi, asumini na kanga na begi la mlimani, akauliza kuna nini. Hafidh akamwambia anampeleka biharusi nyumbani, na yule dereva akafunga milango polepole kama wa gari la kifalme. Walipofika njia kuu, kukasikika kigelegele. Bi Moza akageuka, maana si yeye. Alikuwa Bi Zainab, kakaa kiti cha wazee, macho mbele, kana kwamba hakufanya kitu. Akapiga cha pili. Cha tatu kilimtoa machozi.

Ndani ya ile nyumba ndogo, Bi Moza akajaza beseni maji ya moto. Kwa desturi ni bwana harusi anayeoshwa miguu na jamaa wa mke, naye hutoa zawadi, kiosha miguu. Hafidh akavua viatu, akakaa mkao wa kuoshwa.

"Inuka," Bi Moza kasema. "Aliyetembea ni huyu."

Basi Hafidh akapiga magoti, akafungua kamba za mabuti moja moja, akaosha. Maji yakawa ya udongo mwekundu. Udi sasa umewashwa, na Bi Zainab ndiye anayeupepea.

"Sho anasema mwezi wa tisa wanavuna," Ghalia kamwambia mumewe.

"Nani anakwenda?"

"Mimi nakwenda. Bakuli lako kule lipo palepale mezani. Wewe utajijua."

Hafidh hakuinua kichwa, alikuwa anasugua kifundo.

"Pasipoti yangu," akasema, "kaa nayo wewe."