Ngazi Ndani ya Ukuta wa Ardoyne

Nilirudi jumbani jua likizama, kuchukua timazi niliyoisahau, ule uzi wenye kizito cha chuma wa kupimia wima wa ukuta.

Jumba la Ardoyne liko juu ya mto Mississippi, nje kidogo ya Natchez. Kwa mbali utadhani nguzo zake nane ni za marumaru. Mimi ni mwashi, hazinidanganyi. Ni matofali yaliyopigwa lipu. Waliyafyatua watumwa, na mengine bado yana alama za vidole vya watoto.

Mwenye nyumba mpya alitaka kuligeuza hoteli ya maharusi. Mimi nilikuwa napima kuta, na mchana ule vipimo vilikataa kuelewana. Nje, futi arobaini. Ndani, vyumba vyote pamoja na kuta zake, thelathini na sita.

Futi nne hazikuwepo.

Timazi ilikuwa ghorofani, katika chumba cha watoto. Nilipoinama kuiokota, nikasikia harufu ya maziwa yaliyochacha. Kisha... nyayo. Za miguu mitupu. Zinapanda polepole.

Ndani ya ukuta.

Zikasimama usawa wa sikio langu.

"Mtoto amelala?"

Ilikuwa sauti ya mwanamke, imechoka, ya chini mno. Sijui kwa nini nilimjibu. Nadhani ni ule uchovu wake.

"Amelala," nikanong'ona.

Halafu pumzi ndefu, kama ya mtu aliyetua mzigo.

Nilishuka mbio. Timazi niliiacha palepale.

Asubuhi nilivunja ukuta, Bi Oleta akishika taa. Yeye ndiye mtunzaji wa jumba, na ukoo wake umelifagia tangu enzi za utumwa. Nyuma ya lipu na matofali tukakuta ngazi nyembamba za mbao, zile walizopitia watumishi ili wageni wasiwaone. Zilikuwa tupu. Hakukuwa na mfupa wala kipande cha nguo.

Nikamulika matofali niliyoyavunja. Udongo wa kuungia ulikuwa umelainishwa kwa mwiko, vizuri kabisa, upande wa ndani.

Aliyejenga ukuta ule alikuwa ndani. Na mlango mwingine haukuwepo.

"Ni Dicey," Bi Oleta akasema taratibu. "Yaya. Mtoto wa bwana alifia mikononi mwake, kwa homa. Wiki ileile ngazi zikazibwa. Hakuonekana tena. Nani alimziba, au alijiziba mwenyewe, kwetu hatukuwahi kuambiwa."

"Jana aliniuliza kama mtoto amelala."

"Huwauliza wengi. Mama alinifundisha kufunga mdomo na kuendelea kufagia." Akanitazama. "Wewe ulinyamaza, sivyo?"

Nikatikisa kichwa.

"Ulimwambia nini, mwanangu?"

"Nilimwambia amelala."

Akaiweka taa chini. "Kumjibu ni kumpa mtoto wa kulea. Nyumbani kwako kuna mtoto mchanga?"

Nilikuwa nimeshatoka mbio kuelekea garini.

Nilimkuta binti yangu Junelle salama kitandani, wakati huo ana miezi sita, mashavu yana joto la usingizi. Ni miezi mitatu sasa tangu siku ile. Zamani alikuwa akitukesha kwa kilio. Siku hizi namsikia akiamka gizani, anavuta pumzi ya kuanza kulia... kisha ananyamaza ghafla, kama mtoto aliyebebwa.

Mume wangu anasema tumejaliwa mtoto mtulivu.

Mimi hulala macho wazi, nikimsikiliza mtu akimbembeleza.